Waya Usioshikika: Simu, Arduino na Tangi la Maji

Moduli ya Bluetooth ya HC-05 ni bodi nyembamba, urefu wake sentimita tatu na nusu hivi, upana sentimita moja na nusu. Antena yake si ule mti wa kuvuta tuliouzoea kwenye redio. Ni mstari wa shaba uliochorwa kwa kupindapinda juu ya bodi yenyewe. Upande wa nyuma umeandikwa maneno ambayo wanunuzi wengi hawayasomi: umeme wa kuilisha uwe kati ya volti 3.6 na 6, na kiwango cha ishara ni volti 3.3. Pini zake ni sita. Ukizielewa nne tu kati ya hizo, unaweza kutumia simu yako kuzungumza na karibu chochote ulichokiunda mwenyewe: taa, pampu, feni ya banda la kuku, tangi la maji.

Mimi ni fundi redio. Kibanda changu kiko Mbagala, na pasi ya kulehemu nimeishika tangu enzi za redio kaseti. Siku hizi redio zinazoletwa ni chache, ila vijana wa vyuo hawakauki mlangoni. Huja na bodi za Arduino, mafungu ya nyaya na hiyo HC-05 waliyoinunua Kariakoo, wakilalamika kwamba "haikamati". Kwa hao, na kwa yeyote anayetaka kujua kilichomo humo, nina hoja moja: kitu hiki ni waya. Wamekiondolea shaba, basi. Anayekichukulia kama maajabu ya simu atahangaika nacho. Anayekichukulia kama waya atajua pa kushika siku kinapogoma, kwa sababu magonjwa yake yote ni yale yale ya waya.

Kilikotoka

Mashine zimekuwa zikizungumziana kwa mfululizo tangu kabla wengi wetu hatujazaliwa. Kwa mfululizo maana yake ni kwamba herufi haipiti nzima. Hukatwa vipande viitwavyo biti, vikapita kimoja baada ya kingine juu ya waya mmoja. Mwaka 1960 ilitolewa Marekani kanuni iliyokuja kujulikana kama RS-232, na kwa miongo mingi ndiyo iliyounganisha kompyuta na modemu, printa, mizani na mitambo ya viwandani. Anayekumbuka ile plagi ya pini tisa nyuma ya kompyuta za zamani, yenye skrubu mbili ubavuni, amewahi kuishika kanuni hiyo kwa mkono.

Mwaka 1994 wahandisi wa Ericsson katika mji wa Lund, Uswidi, akiwamo Mholanzi Jaap Haartsen, walianza kushughulikia namna ya kuondoa nyaya kati ya simu na vifaa vyake kwa kutumia redio ya nguvu ndogo. Mwaka 1998 Ericsson, IBM, Intel, Nokia na Toshiba waliunda umoja wa kuisimamia teknolojia hiyo, nayo ikaitwa Bluetooth. Miongoni mwa taratibu zake za mwanzo kabisa kuna moja iliyotungwa ili kuiga waya wa RS-232: kifaa cha upande huu kione kama kimechomekewa waya, cha upande ule nacho kione vivyo hivyo, na kisimame kati yao kipande cha hewa. HC-05 imejengwa juu ya utaratibu huo. Haijui video wala muziki. Inachojua ni kupokea herufi upande mmoja na kuitoa upande wa pili.

Arduino nayo ilizaliwa mwaka 2005 katika chuo cha usanifu mjini Ivrea, Italia. Waliokusudiwa hawakuwa wahandisi bali wanafunzi wa usanifu, watu waliotaka kuiwasha taa bila kwanza kusoma kitabu kizima cha umeme. Bodi iliyoenea zaidi, Arduino Uno, ilitoka mwaka 2010. Ubongo wake ni chipu ya ATmega328P inayokwenda kwa megahezi 16, yenye kilobaiti 32 za kuhifadhi programu na kilobaiti 2 tu za kumbukumbu ya kufanyia kazi. Picha moja unayotumiwa WhatsApp haiingii humo. Lakini kuuliza "maji yamefika wapi?" na kujibu "asilimia 70" kunahitaji baiti chache mno, na hapo ndipo bodi hii na waya huu usio na shaba vinapofaana.

Tangi lenyewe

Jirani na kibanda changu kuna nyumba ya wapangaji yenye simtanki juu ya mnara wa matofali. Maji ya bomba huku kwetu huja kwa zamu, mara nyingi usiku. Kujua kama tangi limejaa au linakaribia kukauka, mtu alipanda ngazi, akafunua kifuniko, akamulika kwa tochi. Kijana mmoja mpangaji, mwanafunzi wa chuo cha ufundi, alichoka kuwa ndiye mpanda ngazi wa nyumba nzima, akaja kwangu.

Tulichofunga ni hiki. Juu ya kifuniko cha tangi kuna kihisi cha mawimbi ya sauti kinachotazama chini, cha aina ile isiyoingia maji ambayo kichwa chake ni sawa na vile vidude vya bampa la gari vinavyolia ukirudi nyuma. Kihisi cha kawaida chenye macho mawili, HC-SR04, ni rahisi kupatikana, lakini ndani ya tangi mvuke hukiozesha mapema. Arduino hukipa kihisi amri, nacho hutoa mlio wa kilohezi 40 ambao sikio la mtu halisikii. Mlio hugonga uso wa maji na kurudi. Arduino hupima muda wa kwenda na kurudi kwa mikrosekunde, hugawa kwa 58, na jibu ni sentimita.

Hesabu yake haina kificho. Kihisi kiko sentimita 25 juu ya maji tangi likijaa, na sentimita 145 juu ya sakafu yake. Kwa hiyo kina cha maji kikomo ni sentimita 120. Zile 25 hatukuziacha kwa bahati: kihisi cha aina hii hakioni vizuri kitu kilicho karibu zaidi ya hapo. Mlio ukichukua mikrosekunde 3,538, umbali ni sentimita 61. Toa 61 kwenye 145, zinabaki 84 za maji. Gawa kwa 120, unapata asilimia 70. Arduino inaandika MAJI 70, inaipeleka kwa HC-05, na mtu aliye kitandani anaisoma kwenye simu. Namba 58 hukadiria mwendo wa sauti kuwa kama mita 345 kwa sekunde. Joto la nyuzi 30 huusogeza hadi karibu 349, kwa hiyo kila mita ya umbali hubeba kosa la sentimita moja na kidogo. Kwa tangi la kuogea na kufulia, hilo halimnyimi mtu usingizi.

Mama wa chumba cha mbele alipoonyeshwa, swali lake la kwanza lilikuwa:

"Fundi, hiki kidude hakitanimalizia bando?"

"Hakigusi bando, mama. Hata laini ukiitoa kwenye simu kitasoma."

Swali lake limebeba faida kubwa kuliko zote za waya huu. Vifaa vingi vinavyouzwa leo kwa sifa ya "ujanja" hupeleka habari hadi kompyuta iliyo nchi nyingine ndipo zirudi chumbani mwako. Intaneti ikikatika, au kampuni ikifunga huduma, kifaa kinabaki pambo. Hapa habari husafiri mita kadhaa tu, kutoka ukutani hadi mkononi. Hakuna akaunti ya kufungua, hakuna ada ya mwezi.

Mdomo kwa sikio

Sasa pini. VCC hupokea volti 5 kutoka Arduino, na GND huenda kwenye GND. TXD ndiko moduli inakosemea, RXD ndiko inakosikilizia, na Arduino nayo ina mdomo na sikio vyake. Mdomo wa huyu lazima uelekee sikio la yule. Anayeunganisha TX kwa TX ameweka watu wawili kinywa kwa kinywa na hakuna anayesikiliza. Hutasikia neno. Pini mbili zilizobaki, STATE na EN, unaweza kuziacha wazi.

GND ya pamoja haina mjadala. Wapo wanaoilisha HC-05 kwa chaja yake na Arduino kwa chaja nyingine, wakaunganisha nyaya mbili za mazungumzo tu. Volti hupimwa kutoka mahali fulani. Bila GND moja, volti tatu za huyu hazina maana kwa yule, na matokeo yake ni herufi za ajabu au kimya.

Halafu yale maandishi ya nyuma ya moduli. Ishara yake ni ya volti 3.3, lakini Arduino Uno husema kwa volti 5. Kutoka moduli kwenda Arduino hakuna shida: chipu ya Uno huhesabu volti 3 kwenda juu kuwa "ndiyo", kwa hiyo 3.3 inapita, japo kwa nafasi finyu. Kutoka Arduino kwenda moduli ndiko kwenye kazi, maana sikio lililotengenezwa kwa volti 3.3 linapigiwa kelele ya volti 5. Wapo wanaounganisha moja kwa moja na kitu kikafanya kazi. Mimi sifanyi hivyo kwa kazi ya mtu aliyenilipa.

Dawa yake ni rizista za kugawa volti. Vitabu husema kilo-omu 1 na kilo-omu 2. Dukani ile ya 2 husumbua kupatikana, ila za 1 zimejaa tele: kahawia, nyeusi, nyekundu, na mstari wa dhahabu mwishoni. Chukua tatu. Ya kwanza itoke kwenye TX ya Arduino hadi kwenye RXD ya moduli. Mbili zilizobaki zifuatane kutoka hapo hapo RXD hadi GND. Volti 5 zinagawanyika mafungu matatu yaliyo sawa, na RXD inapata mafungu mawili, yaani volti 3.33. Weka waya mmoja wa mita yako pale RXD, mwingine kwenye GND, usome kabla hujaichomeka moduli.

Kwenye Uno, pini 0 na 1 ndizo za mazungumzo ya mfululizo, lakini hizo hizo ndizo zinazotumiwa na waya wa USB unapoipakia programu kutoka kompyuta. Moduli ikikaa hapo, kompyuta na HC-05 zinasema kwa wakati mmoja kwenye sikio moja, na upakiaji unagoma. Ama uichomoe moduli kila unapopakia, ama ufanye tulivyofanya sisi: tulitumia pini 10 na 11 kwa msaada wa maktaba iitwayo SoftwareSerial, inayoigeuza pini yoyote ya kawaida kuwa mdomo au sikio. Kwa kasi ndogo inafanya kazi bila manung'uniko.

Kasi moja kwa wote

Waya huu hauna saa. Hakuna pini inayomwambia mpokeaji "sasa biti ya kwanza, sasa ya pili". Wote wawili hukubaliana kasi kabla, kisha kila mmoja huhesabu kivyake. HC-05 hutoka kiwandani ikiwa kwenye biti 9,600 kwa sekunde, yaani kila biti ina mikrosekunde 104 hivi.

Chukua herufi A. Namba yake katika orodha ya kimataifa ya herufi za kompyuta ni 65. Waya ukiwa umetulia, volti ziko juu. Msemaji huzishusha kwa mikrosekunde 104: hiyo ni biti ya kuanzia. Kisha hutoa biti nane za 65, akianza na ndogo: moja, sifuri tano, moja, sifuri. Mwisho huzirudisha volti juu kwa biti moja ya kumalizia. Herufi moja, biti kumi. Kwa hiyo waya wa 9,600 hupitisha herufi 960 kwa sekunde, na ujumbe wetu wa MAJI 70, pamoja na alama mbili za kushuka mstari, huisha kabla sehemu moja ya mia ya sekunde haijatimia.

Msikilizaji akiwa kwenye kasi nyingine, anazipima biti mahali pasipo pake. Haoni kimya; anaona takataka: vimraba, alama za kuuliza zilizogeuzwa, herufi za lugha asizozijua. Kijana akija na takataka za namna hiyo kwenye skrini huwa simwambii abadilishe moduli. Takataka ni habari njema, maana yake waya upo na umeme unapita. Namwambia akague kasi iliyoandikwa ndani ya programu yake, kisha akague GND.

Mtego mwingine uko upande wa kupokea amri. Ukibonyeza 1 kwenye simu ili kuwasha taa, kinachofika Arduino si namba moja bali herufi "1", ambayo kwenye orodha ile ile ni 49. Programu inayosubiri namba 1 itasubiri hadi kiyama. Tena programu nyingi za simu huongeza zenyewe alama za kushuka mstari, namba 13 na 10, na Arduino huzipokea kama amri mbili zaidi isizozielewa. Ifundishe kuzipuuza.

Kuoana si kuongea

"Shikamoo, fundi."

"Marahaba, mwanangu. Mbona uso umekukunjamana?"

"Simu inasema tayari imeoanishwa, lakini taa ya moduli bado inapepesa haraka haraka. Nimeioanisha na kuioanua mpaka basi."

Hili ndilo swali ninaloletewa kuliko mengine yote. Unafungua mipangilio ya Bluetooth, jina HC-05 linatokea, unaandika namba ya siri 1234, simu inaandika kuwa imeoanishwa. Watu hudhani kazi imekwisha. Kuoanisha ni kufahamiana tu: simu imehifadhi anwani ya moduli na ufunguo wa kuitambua. Waya wenyewe haujachomekwa. Unachomekwa pale programu maalumu ya simu inapoita moduli na kufungua njia ya mazungumzo. Ziko nyingi za bure kwa Android. Tuliyoitumia kwenye tangi inaitwa Serial Bluetooth Terminal. Ukibonyeza kitufe cha kuunganisha, taa ya HC-05 huacha kuhangaika: hupepesa mara mbili, hutulia, kisha hurudia. Hapo ndipo waya upo. Kwenye Android 12 na kuendelea, programu itaomba kwanza ruhusa ya vifaa vilivyo karibu. Ukiikatalia haitaona kitu.

Waya mmoja una ncha mbili, na simu huchukua ncha moja. Kwa hiyo simu moja ikishika, nyingine haipati nafasi. Katika nyumba ya wapangaji hilo liligeuka kesi. Mmoja aliunganisha usiku, akalala na simu chini ya mto, na asubuhi wenzake hawakuweza kuona kama kuna maji ya kuogea. Tulimaliza kwa kubandika kijiskrini kidogo ukutani chenye namba ile ile, asiye na simu naye asome. Bluetooth ikabaki ya mwenye haraka.

Wenye iPhone nawasikitikia. Apple hairuhusu vifaa visivyo na leseni yake kutumia utaratibu huu wa zamani, kwa hiyo HC-05 haitawafaa. Watafute HM-10 au ndugu zake, zinazotumia Bluetooth ya matumizi madogo ya umeme, iliyokuja na toleo la 4.0. Pini zinafanana, ila programu ya upande wa simu ni tofauti.

Kuibadilisha jina

Moduli isiyobadilishwa jina ni tabu penye vifaa viwili vya namna hiyo, maana zote ni HC-05 na zote ni 1234. Kubadilisha hufanyika kwa amri zinazoanza na herufi AT, mtindo ulioenezwa na modemu za kampuni ya Hayes ya Marekani tangu mwaka 1981.

Bonyeza kitufe kidogo kilicho kwenye HC-05, ukiwa umekishikilia uipe umeme, kisha uachie. Taa ikipepesa polepole, kama mara moja kila sekunde mbili, umeingia chumba cha amri. Humo kasi si 9,600 tena bali 38,400, na kila amri lazima imalizike kwa alama zote mbili za kushuka mstari. Ukiandika AT nayo ikajibu OK, mmeelewana. AT+NAME=TANGI hubadilisha jina, na AT+PSWD= hubadilisha namba ya siri; baadhi ya moduli hutaka namba hiyo iwe ndani ya alama za kunukuu. Zima, washa upya, na simu italiona jina jipya.

Maelezo hayo ni ya HC-05. Ipo HC-06, yenye pini nne na isiyo na kitufe, ambayo hupokea amri wakati wowote isipokuwa imeunganishwa na simu, kwa kasi ya 9,600, bila alama ya kushuka mstari na bila alama ya usawa baada ya NAME. Kijana akifuata maelekezo ya moja akiwa ameshika nyingine atalala na tatizo lake. Tofauti kubwa zaidi ni hii: HC-06 husubiri kuitwa tu, ilhali HC-05 inaweza pia kuita yenyewe. Kwa hiyo HC-05 mbili zinaweza kufungwa zitafutane kila zinapowashwa, bodi kwa bodi, simu isiwepo kabisa.

Mipaka yake

Nguvu ya redio hii ni miliwati 2.5 na umbali wake unatajwa kuwa mita 10. Hewa yake ni ya gigahezi 2.4, inayotumiwa pia na Wi-Fi, lakini Bluetooth hujiokoa kwa kurukaruka katika mikondo 79, mara 1,600 kwa sekunde, kwa hiyo kelele ya mkondo mmoja haiangushi mazungumzo. Kisichorukika ni maji na bati. Maji hunyonya mawimbi ya gigahezi 2.4, na bati huyarudisha yalikotoka. Kwa sababu hiyo kisanduku chetu hakiko mnarani. Kiko ukutani, chini ya ukingo wa paa, upande wa vyumba, na waya wa kihisi ndio uliopanda juu. Ukikiweka nyuma ya tangi lililojaa, utasoma vizuri siku maji yamekwisha na hutasoma siku yamejaa.

Kuhusu pampu nina sharti. Kuwasha pampu kwa rilei kupitia simu kunawezekana, lakini upande wa volti 230 ni kazi ya fundi umeme, na uamuzi wa kuzima usiachiwe simu. Fikiria umebonyeza "washa", kisha ukatoka nje ya zile mita 10. Waya umekatika, amri ya "zima" haitafika, na pampu inamwaga maji uani. Arduino yenyewe ndiyo isome kihisi na kuzima tangi likijaa, na iwe na muda wa mwisho ambao ukipita inazima hata kihisi kikisema uongo. Simu iwe ya kuangalia na kuomba. Mlango wa nyumba nao usiufungie kwa moduli hii. Namba ya siri ya tarakimu chache inatosha kulinda habari za maji, haitoshi kulinda televisheni yako.

Mtu anaweza kuniuliza kwa nini nisimwambie anunue ESP32, iliyotoka mwaka 2016 ikiwa na Wi-Fi na Bluetooth ndani ya chipu moja. Swali la haki. Kwa kifaa cha kuuza, nami ningeichukua. Kwa anayejifunza nampa HC-05 bado, kwa sababu kila kitu kiko nje: unaona nyaya mbili za mazungumzo, unaweza kuziwekea mita, kuzibadilisha, kuzikata. Kwenye ESP32 waya umefichwa ndani ya chipu, na ukigoma huna pa kushika.

Kabla hujalipa

Kwa kuwa ni waya, ujaribiwe kama waya. Mafundi wa mitambo ya mawasiliano walikuwa na kipimo kimoja kisichohitaji mashine: unganisha mdomo wa kifaa na sikio lake chenyewe, kisha sema. HC-05 inakubali kipimo hicho. Ipe volti 5 kwenye VCC na GND, hata kutoka kwenye pawabenki kwa waya wa USB uliochunwa. Chukua waya mmoja mfupi, uunganishe TXD na RXD. Ioanishe na simu, fungua programu ya mazungumzo, unganisha, andika herufi yoyote na uitume. Ikirudi kwenye skrini yako, umethibitisha kwa mara moja redio, simu, namba ya siri na pini zote mbili. Tatizo lolote baada ya hapo liko kwenye Arduino yako, nyaya zako au programu yako.

Kipimo hicho kinachukua muda mfupi kuliko kupatana bei, nacho hufanyika juu ya meza ya muuzaji. Madukani kuna moduli zilizokufa, na kuna nyingine zenye umbo la HC-05 lakini ndani ni Bluetooth ya aina nyingine, isiyojua waya huu wa zamani. Nenda Kariakoo na simu yako, pawabenki na kipande cha waya, umwambie muuzaji unataka kujaribu. Herufi ikirudi, lipa. Isiporudi, mwombe akupe nyingine.